Badala ya Vidonge, Ndani ya Unga wa Wimbi

Ploti ya Mzee Hiram, nyumba nambari 7,
Kitengela.
Jumatano, 20 Agosti 2025.

Mpendwa Senge Naliaka,

Mulembe, Senge. Natumaini barua hii imekukuta ukiwa mzima, wewe na Baba Lemayian, na Lemayian mwenyewe, na Nasieku ambaye nasikia siku hizi anakimbiza ndama peke yake. Mwambie Koko, mama mkwe wako, kwamba nimeinamisha kichwa hapa nilipo ili aniguse anisalimu, ingawa mkono wake hauwezi kufika kutoka huko Entarara.

Nyanya zinaendeleaje? Mama Kahiga, anayekuletea unga wetu, alituambia kwamba maji ya mfereji sasa yanagawanywa kwa zamu, na nyinyi mlipewa siku moja tu kwa wiki. Nilihuzunika niliposikia, kwa sababu nakumbuka jinsi zile nyanya za Aprili zilivyokuwa nzito. Huku kwetu ni baridi ya Agosti na vumbi. Ukianika shati jeupe asubuhi, unalianua likiwa na rangi ya barabara.

Shuleni nilifunga nikiwa wa sita darasani. Mwalimu wa Kiswahili aliandika kwenye ripoti kwamba ninaandika vizuri lakini sizungumzi. Baba aliisoma kwa sauti mezani, na Nelson, mdogo wangu, akaniita Bubu siku mbili mfululizo.

Nyumbani sote tuko hai. Naliandika neno hilo polepole, Senge, kwa sababu wiki iliyopita karibu lisiwe kweli. Baba alipopiga simu kwa Baba Lemayian alisema tu kwamba Mama alikuwa na shida ya mguu na amelazwa. Hakusema yote. Tangu simu yako ianguke kwenye mfereji hakuna njia ya kukupata wewe mwenyewe, na simu ya Baba Lemayian huwekwa spika katikati ya shamba, kila mtu anasalimia, hata wavunaji. Nilipiga Ijumaa. Wakaitikia watu kama wanane, mmoja akaniuliza nitaolewa lini, nikakata.

Kwa hiyo naandika. Tafadhali, kama uko jikoni na Koko yuko karibu, funika unga kwanza, uende ukasomee nyuma ya zizi.

Najua ulipoingiza mkono ndani ya unga huu wa wimbi ulikuwa unatafuta pakiti ya mwezi iliyofungwa kwa nailoni, kama zile za Juni na Julai. Haimo. Mama hajakusahau, na Mama Kahiga hajaichukua. Yeye hata hajui alikuwa anabeba nini pamoja na unga miezi hii yote. Safari hii ni mimi niliyefunga unga peke yangu, na ndani yake nimetia barua hii na karatasi moja nyembamba iliyokunjwa mara nyingi. Kama una vidonge vilivyobaki, tafadhali cha leo usikimeze kabla hujafika mwisho wa barua. Sentensi hiyo niliiandika mara tatu kwenye karatasi ya majaribio na kila mara niliona ni ya kukosa adabu kwa dada ya baba yangu. Nimeiacha hivyo hivyo. Ni afadhali uniite mkosa adabu.

Labda unajiuliza nimejuaje. Desemba mlipokuja kwa Krismasi, wewe na Mama mlikuwa jikoni mkichambua kunde, na mimi nilikuwa nimekaa juu ya ndoo iliyofunikwa, nikisoma. Mama alitaka nitoke nje. Wewe ukacheka ukamwambia wifi yako, "Wachana na huyo, mulamwa. Huyu akishika kitabu, hata nyumba ikishika moto ataomba tu amalize ukurasa." Basi mkaendelea, na mimi nikabaki nimekodolea macho ukurasa mmoja kwa nusu saa.

Ulisema sindano ya miezi mitatu imekuchosha. Hujaona siku zako tangu Machi, umenenepa mpaka sketi ya kanisani haifungi, na Koko anakuangalia tumbo kila asubuhi kama mtu anayekagua mtamba. Mama akasema kwake sindano hiyo hiyo ilifanya kinyume: alitokwa na damu kidogo kidogo kwa wiki tano, ndiyo maana aliiacha akaenda duka la dawa akaomba vidonge.

"Hivi viko sawa kabisa," Mama akasema. "Mwezi unakuja siku ile ile, kama mshahara wa serikali."

"Mshahara wa serikali siku hizi unachelewa, Selpha. Tafuta mfano mwingine."

Mkacheka mpaka kunde zikamwagika. Kisha ukasema, "Si unigawie? Ni dawa tu." Mama alikuwa na pakiti sita. Akakupa tatu, vile vile anavyokupa mbegu za mrenda ukija, au majani ya kikohozi. Mkakubaliana kwamba zikiisha atakuwa anazitia ndani ya unga wa wimbi, kwa kuwa Baba Lemayian hali ugali wa wimbi na hawezi kuufungua. Mliona mmepata akili kubwa sana. Hata mimi niliona hivyo.

Mwanamke wa duka la dawa aliyemuuzia Mama vidonge hakumpima presha. Hakumuuliza kitu. Alimfungia kwenye gazeti, akamwita aliyefuata. Na wewe, Senge, hukupata hata huyo wa kukufungia kwenye gazeti. Ulipewa na wifi yako juu ya sinia ya kunde.

Boksi lenyewe Mama alilitia kwenye jiko ili Baba asilione. Karatasi ya maelezo ilianguka chini, nami nikaiokota. Unanijua, siwezi kuona kitu kilichoandikwa kikitupwa. Ilikuwa nyembamba kama karatasi za Biblia, ikanifaa kuwa alama ya kitabu. Kuanzia Desemba imekaa ndani ya vitabu vyangu, nyumbani na huko bwenini Kajiado.

Niliisoma. Hapo ndipo ninapoona aibu mpaka leo. Januari, siku za kwanza za muhula, niliisoma yote kwa sababu nilikuwa nimemaliza riwaya na maktaba ilikuwa bado haijafunguliwa. Maandishi ni madogo kama mchanga. Kulikuwa na neno moja refu la kidaktari ambalo sikulijua, nikalipigia mstari kwa penseli, na maktaba ilipofunguliwa nikalitafuta kwenye kamusi. Maana yake ni damu kuganda ndani ya mshipa mtu akiwa hai. Karatasi ilisema dalili zake: mguu mmoja kuvimba na kuuma, kukosa pumzi ghafla, kifua kuchoma. Nikaona ni mambo ya watu wazima. Nikaikunja, nikaanza riwaya nyingine.

Sasa nikueleze yaliyotokea.

Baba na Mama walikwenda Kimilili kumzika mjomba wake Mama. Walirudi Jumapili ya tarehe kumi, basi la mchana, safari ya muda wa saa tisa nzima. Mama alikaa dirishani akiwa na kikapu cha ndizi miguuni na kuku wawili kwenye boksi mapajani, na kwa sababu hiyo hakuinuka hata basi liliposimama watu washuke wanyooshe miguu. Jumatatu mguu wake wa kushoto ulianza kumuuma nyuma, chini ya goti. Jioni ulikuwa umevimba, unang'aa, na ukiushika ni wa moto. Wa kulia ulikuwa kama kawaida.

Kila mtu alisema ni safari. Mama Ajwang, jirani wetu wa nyumba ya tano, alikuja na chupa yake ya mafuta ya kuchua. "Selpha, hiyo ni damu imelala kwa sababu ya kukaa," akasema. "Wacha niiamshe." Akamchua kwa nguvu, kuanzia kisigino kupanda juu, Jumatatu na tena Jumanne. Ana mikono yenye nguvu, anakanda chapati za kuuza. Mama alilia lakini akamshukuru. Mimi ndiye niliyekuwa nachemsha maji na kuloweka taulo.

Senge, nilikuwa nimeshika beseni la maji ya moto, na kichwani mwangu maneno ya ile karatasi yalikuwa yakijisoma yenyewe: mguu mmoja. Mguu mmoja. Baba alikuwa ameketi pale pale akisoma gazeti. Ili kusema, ningelazimika kutaja vidonge. Kutaja vidonge ni kumfichua Mama mbele ya Baba na mbele ya Mama Ajwang, ambaye siri haimkai hata ikifungwa kwa kamba. Nikajiambia labda ni safari kweli. Nikamwaga maji, nikaenda kuchemsha mengine.

Jumatano saa tano asubuhi Mama alikuwa anaanua nguo. Nilisikia kapu likianguka. Nilimkuta ameketi juu ya saruji, mdomo wazi, anavuta hewa kama mtu aliyekimbia kutoka Kajiado mpaka hapa, na hewa haiingii. Midomo yake ilikuwa na rangi ya majivu. Aliweza kusema neno moja tu, "Kifua." Mzee Hiram, mwenye ploti, alitoa gari lake akiwa bado na viatu vya mpira vya kuoshea zizi la kuku. Baba alitukuta hospitalini akitoka kazini, tai ikiwa imempinda mpaka chini ya sikio.

Walimvisha Mama barakoa ya hewa. Daktari, kijana mwembamba, akamuuliza Baba maswali haraka haraka.

"Mama anatumia dawa yoyote?"

"Hapana, daktari. Huyu ni mtu mzima kabisa. Hata dawa ya kichwa hamezi."

"Sindano? Vidonge vya kupanga uzazi?"

"Sisi hatuna mambo hayo," Baba akasema, na akasema kwa sauti ya kanisani.

Nilimtazama Mama. Alikuwa anatazama dari. Kisha akageuza macho akanitazama mimi, juu ya ile barakoa, na nikaelewa kwamba anajua kwamba najua. Sijui alijua tangu lini. Nilifungua mdomo na sauti haikutoka, Senge, kama kawaida yangu, kama ninapoitwa kusimama darasani. Nikafungua mkoba. Kitabu nilikuwa nacho, sijui kwa nini nilikibeba siku kama ile. Nikachomoa karatasi nikampa daktari.

Aliikunjua, akaitazama upande mmoja na wa pili. "Nani amepiga mstari hapa?"

"Mimi."

"Unajua maana yake?"

"Ndiyo."

"Tangu lini?"

"Januari."

Hakunigombeza. Ningependelea angenigombeza. Alimgeukia nesi, wakasemezana kwa haraka, na kitanda kikaanza kusukumwa.

Walipiga picha ya kifua kwa ile mashine kubwa ya duara. Damu ilikuwa imeganda kwenye mshipa wa mguu, kipande kikakatika, kikasafiri mpaka kwenye pafu kikaziba njia. Na kule kuchuliwa, daktari alisema, ndicho kitu ambacho mguu wa namna ile haupaswi kufanyiwa kabisa, kwa sababu kunaweza kulisukuma donge. Niliposikia hivyo nilienda nje nikanawa mikono bombani mara tatu. Ilikuwa bado inanuka yale mafuta.

Mama Ajwang amekuja mara mbili na hajui hilo, na tumeamua hatutamwambia kwa namna ya kumuumiza. Ila Mama atamweleza akipata nguvu, ili asije akamchua mwingine.

Mama alidungwa sindano za tumboni kila siku, za kuzuia damu isigande zaidi. Alitoka Jumatatu hii. Yuko kitandani, anakula uji, anamtuma Nelson kila dakika tano ili ajue bado ni mama wa nyumba. Nelson alimuuliza daktari kama pafu la Mama lilikuwa limeziba kama sinki letu, na kama walitumia waya. Mama alicheka, akashika mbavu, akamfukuza. Atameza dawa ya damu kwa miezi kadhaa, na vidonge vile vya zamani hataruhusiwa tena maisha yake yote. Daktari alituambia kwamba bila ile karatasi wangeanza na tiba ya homa ya mapafu kwanza, na pengine wangepoteza nusu siku. Watu wananisifu kwa hilo. Mimi nahesabu kuanzia Januari.

Sasa nakuja kwa jambo lako. Haya yote nimeyaandika ili nifike hapa.

Ijumaa, Mama alipoweza kuzungumza, nesi wa wodi anayeitwa Sista Naipanoi alikuja na faili akakaa kitandani kumuuliza maswali ambayo, alisema, yangepaswa kuulizwa kabla ya kidonge cha kwanza. Presha yako ni ngapi? Mama hakujua, ilikuwa mia moja hamsini na nane, na inawezekana ilikuwa juu kwa muda mrefu. Unavuta sigara? Una miaka zaidi ya thelathini na mitano? Kuna mtu wa damu yako aliyewahi kuganda damu au kupata kiharusi? Halafu akauliza hili: "Huwa unaumwa na kichwa cha upande mmoja, na kabla hakijaanza unaona vitu vinametameta, au mkono unakufa ganzi?"

Mama akasema hapana. Mimi nilikuwa nimeshika kikombe, nikakiweka chini.

Senge, kumbuka Pasaka. Ulikuwa umekaa hapa kwenye veranda unamenya viazi. Ukaacha kisu, ukafunika jicho moja, kisha la pili. Ulisema unaona mistari iliyokunjikakunjika inametameta kama bati juani, na vidole vya mkono wa kushoto huvisikii. Baba akakuuliza kama ni uchovu. Wewe ukasema, "Ni mlima wangu wa Entarara umenifuata mpaka Kitengela na theluji yake." Tukacheka sote. Baada ya nusu saa kichwa kikaanza, ukatapika, ukalala gizani hadi jioni. Ulipoamka ukasema hivyo vitu vimeanza mwaka huu, hukuwa navyo zamani, na sasa vinakuja karibu kila mwezi.

Mwaka huu, Senge. Vidonge ulianza Krismasi.

Nilimuuliza Sista Naipanoi kwa sauti yangu mwenyewe, mpaka Mama akashtuka. Nilimuuliza je, mtu akiwa na hayo mataa na anameza hivi vidonge? Akaacha kuandika. Alisema mwanamke wa namna hiyo hapewi vidonge hivi hata kidogo, kwa sababu vinaongeza hatari ya kiharusi, hata akiwa kijana, hata akionekana ana nguvu za kubeba kreti mbili za nyanya. Na kama hayo mataa yameanza baada ya kuanza vidonge, aviache na aende kliniki mara moja, asingoje pakiti iishe. Akaniuliza, "Ni nani huyo?" Nikasema ni mtu wa mbali. Mama akaanza kulia chini ya shuka. "Ni mimi nilimpa," akasema. "Naliaka. Ni mimi nilimpa kwa mkono wangu."

Na pakiti ya Julai, Senge, ni mimi niliyeifunga nilipokuja nyumbani likizo fupi. Mama alikuwa na unga mikononi akaniambia nitie kile kifurushi katikati, nami nikatia, nikabana mfuko, nikafunga mafundo mawili. Nilikuwa nimesoma karatasi. Pasaka nilikuwa hapa kwenye veranda. Vyote viwili vilikuwa kichwani mwangu na sikuviunganisha.

Sista Naipanoi alinieleza kwa upole, na nataka nikueleze vile vile, ili usidhani nakuletea hofu ya kijinga. Vidonge si sumu. Kati ya wanawake elfu kumi wanaovimeza kwa mwaka mzima, wanaogandwa na damu hawafiki hata kumi na watano, na mimba yenyewe huleta hatari kubwa kuliko hiyo. Wanawake wengi huvitumia miaka na miaka bila neno. Shida ni kumeza kabla ya kuulizwa yale maswali. Dawa inayomfaa mmoja inaweza kumuua wa pili, hata wakiwa wamekula sinia moja. Alisema pia kwamba wewe hutabaki bila njia: kuna vidonge vya aina nyingine, kuna koili, ile inayowekwa kwenye mji wa mimba, isiyo na homoni yoyote, na kwa sasa, mpaka uonwe, kuna mipira ya wanaume. Nimeona haya sana kuandika hilo la mwisho kwa senge wangu, lakini limeandikwa na sitalifuta.

Unga huu Mama Kahiga ataufikisha kwako Alhamisi, kwa hiyo naomba hivi. Leo usimeze. Kesho, Ijumaa, nenda kliniki ya Loitokitok. Sema unaenda kuuza vitunguu, sema chochote. Mwambie nesi kuhusu yale mataa na ule mkono, usiseme ni kichwa tu. Akupime presha. Mwonyeshe ile karatasi ya vidonge; daktari alinirudishia, nimeiweka humu. Na kama kabla ya hapo mguu mmoja utavimba, au pumzi itakata, au upande mmoja wa uso au mkono utalegea, au maneno yatakataa kutoka, usingoje Ijumaa na usifiche kitu. Mwambie Baba Lemayian saa hiyo hiyo, yote, akupeleke.

Kuhusu kuficha, nataka ujue Baba alifanya nini, kwa sababu ni kaka yako na nadhani ulikuwa unamwogopa yeye pia. Daktari alipomaliza kusoma ile karatasi, Baba alitoka nje. Nilidhani amekasirika. Nilimkuta kwenye benchi la nje ameshika kofia ya Mama. Akaniambia, "Mimi ndiye nilisema hapa nyumbani mambo ya wanawake yasiletwe mezani. Basi hayakuletwa." Tangu siku hiyo anabeba karatasi za kliniki za Mama kwenye mfuko wa shati, anajua majina ya dawa zote, na Jumapili iliyopita mzee mmoja wa kanisa alipoanza kuuliza Mama alikuwa anameza nini, Baba akamwambia, "Alikuwa anameza kimya changu."

Baba anajua kuhusu wewe. Ilibidi ajue, Mama alilia mbele yake. Alitaka kumpigia Baba Lemayian siku hiyo hiyo. Mama na mimi tulimsihi, kwa sababu tunajua Koko anangoja mjukuu wa tatu, na tunajua ni jambo lako kulisema wewe mwenyewe kwa namna yako. Baba alikubali kwa shida. Alisema, "Mpaka Jumapili. Nikifika Jumapili bila neno kutoka kwa Naliaka, nampigia mumewe Kuntai mimi mwenyewe, spika au hakuna spika. Siri ya dada yangu nitaivunja, lakini dada yangu simziki." Hayo ndiyo maneno yake. Sikuyaongeza chumvi.

Kwa hiyo una siku tatu. Sijui Baba Lemayian atasema nini akisikia. Ninachokumbuka ni kwamba Nasieku alipozaliwa kabla ya wakati, ni yeye aliyembeba kifuani ndani ya shuka lake mpaka hospitali, na hakumpa mtu mwingine njiani. Mimi ni mtoto na siwezi kukushauri kuhusu mume. Nimekumbuka tu.

Mama nilimtaka aandike mwenyewe. Alishika kalamu, akaandika "Mulamwa", akairudisha. "Andika wewe," akasema. "Mimi nitaanza kulia kabla salamu hazijaisha." Ile karatasi nyingine ndogo yenye neno moja ni ya kwake. Nimeitia humu vile vile ilivyo.

Salamu zangu zimfikie Baba Lemayian, na Lemayian, mwambie nitamletea kile kitabu cha wanyama Desemba, na Nasieku umpe busu la shavu. Baba anakusalimu. Nelson anakusalimu na anauliza kama yule mbuzi mwenye pembe moja bado anapiga watu. Mama Kahiga ataondoka kwenu Ijumaa mchana, lakini usimpe jibu la kuandika kama kuna macho. Mungu akufunike wewe na nyumba yako, akuangazie macho yako kwa mwanga wa kawaida tu, usiometameta.

Jumamosi jioni nitakaa karibu na simu ya Baba. Omba ya Baba Lemayian upige, waache wavunaji wote wasikilize wakitaka. Mama atakuuliza kama siku zote, "Unga ulifika?" Siku zote wewe hujibu, "Ulifika, tumekula." Safari hii, kama umefika kliniki na vidonge umeviacha, jibu, "Ulifika, nimeuchekecha." Mimi nitakuwa nasikiliza. Hata kama nitakuwa nimeshika kitabu, Senge, nitakuwa nasikiliza.

Ni mimi, binti wa kaka yako, ninayekupenda kuliko ninavyoweza kusema kwa mdomo,

Melvin